Mvietnam Asiye na Kinywa

Wiki iliyopita niliwauliza wanafunzi wangu swali jepesi: nitajieni Mvietnam mmoja mnayemjua. Darasa likawa kimya. Kisha sauti ikatoka nyuma: “Rambo.” Tulicheka sote, nami nikiwamo. Baadaye kicheko kile kilinikera, kwa kuwa Rambo ni Mmarekani, na katika filamu ile ya 1985 kazi kubwa ya Wavietnam ni kufa.

Kizazi changu kililelewa na filamu hiyo katika vibanda vya video. Hatukuambiwa kwamba msitu ule ulikuwa Mexico, wala kwamba Co Bao, mwanamke Mvietnam aliyepewa maneno ya kusema, aliigizwa na mzaliwa wa Singapore. Co Bao anazungumza Kiingereza cha kukatakata, anampenda shujaa, anaomba apelekwe Marekani, na punde anapigwa risasi. Huo ndio urefu wa maisha aliyokadiriwa.

Wala msiniambie kwamba hiyo ni filamu ya mapigano tu. Hata zinazosifiwa kuwa sanaa ya juu zina dhambi ileile. The Deer Hunter ya 1978 ilipewa Oscar ya filamu bora, ilhali inawaonyesha Wavietnam wakiwalazimisha mateka kucheza kamari ya bastola, jambo lisilo na ushahidi wa kihistoria. Vita ile iliua Wamarekani zaidi ya 58,000. Kwa hesabu ya serikali ya Vietnam, Wavietnam waliokufa ni takriban milioni 3. Lakini katika filamu hizi mwenye haki ya kulia ni Mmarekani.

Wapo wanaosema tatizo limekwisha, maana sasa waigizaji Wavietnam wanaajiriwa. Nakataa. Kuajiri sura si kukabidhi simulizi. Mwaka 1993 Oliver Stone alitengeneza Heaven & Earth kutokana na kumbukumbu za Le Ly Hayslip, akampa Hiep Thi Le nafasi ya kwanza; hata hivyo, wanakijiji wa Vietnam wanazungumza wao kwa wao kwa Kiingereza. Ilinganisheni na The Sympathizer ya 2024, iliyotokana na riwaya ya Viet Thanh Nguyen. Humo Kivietnam kimetamalaki, na Mmarekani ndiye anayelazimika kusoma tafsiri chini ya picha. Uhalisi huanzia hapo: nani anasema, kwa lugha gani, na nani anapaswa kujitahidi kumwelewa mwenzake.

Mtauliza: yatuhusu nini? Mwaka 2001 ilipotoka Black Hawk Down, Mogadishu ilikuwa imejengwa Morocco, na Wasomali wakageuzwa umati usio na majina. Anayeghadhibika kwa hilo kisha akamshangilia Rambo hajakataa dhuluma. Amekataa tu kuwa upande unaodhulumiwa. Mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu. Tena Halotel ya Tanzania na Lumitel ya Burundi ni za kampuni ya Vietnam, Viettel. Tunapigiana simu kwa mitambo ya watu ambao hatuwezi kumtaja hata mmoja wao.

Kwa hiyo nina ombi kwa watumishi wanaochagua vipindi vya televisheni za umma, na kwa vyama vya wanafunzi vyenye kumbi na projekta. Anzeni na When the Tenth Month Comes ya Đặng Nhật Minh, ya mwaka 1984. Mjane kijana, Duyên, anaficha habari za kifo cha mumewe vitani ili asimvunje moyo baba mkwe aliye mgonjwa, na mwalimu wa kijiji anamwandikia barua kana kwamba marehemu yu hai. Haina shujaa wa kigeni wala haimhitaji.

Muhula ujao nitaionyesha darasani. Kisha nitarudia swali langu, na ninataka nisikie jina la Duyên.