Daftari la Wiki: Kijimti cha Vermilion

Ukifika Vermilion, mji wa bandari kusini mwa Kanto, njia zote zimefungwa. Mbele yako ni bahari. Ukielekea mashariki hadi barabara ya 12 unamkuta Pokémon aitwaye Snorlax amelala fofofo katikati ya njia. Kaskazini, walinzi wa mji wa Saffron wana kiu na hawampitishi mtu. Pango la Diglett linakutoa barabara ya 2, na hapo nje tu miti imekuzunguka. Barabara ya 9, inayoanzia Cerulean, imezibwa na kijimti. Hata mlango wa ukumbi wa Lt. Surge, ambaye lazima umshinde ili upate beji ya tatu, una kijimti cha aina hiyohiyo mbele yake.

Si mbuyu wala mvule. Ni kichaka cha kimo cha mtoto, na safari nzima imesimama kwa ajili yake.

Nazungumzia Pokémon Red na Pokémon Blue, gemu za Game Boy ambazo Wajapani walianza kuzicheza tarehe 27 Februari 1996, wakati huo zikiitwa Red na Green, na zikafika Marekani Septemba 1998. Kila baada ya muda mtoto fulani duniani anaanza upya na kukwama pale pale. Safari hii ni mpwa wangu, anayecheza kwenye simu ya mama yake.

"Mjomba, huu mti haukatiki."

Nikamuuliza kama ameshaongea na nahodha wa meli.

"Yule anayeumwa? Si pambo tu yule?"

Nikamwambia arudi melini akamjulie hali.

*

Kinachohitajika ni Cut, mbinu ya kukata, iliyomo ndani ya kifaa kiitwacho HM01. Kuipata ni safari yenyewe. Kwanza upande kaskazini mwa Cerulean hadi nyumba ya Bill iliyo kando ya maji. Bill ni mtafiti, na jaribio lake limemharibikia: mwili wake umechanganyika na wa Pokémon, na anayekusemesha ukiingia ni mnyama. Anakuomba uende kwenye kompyuta uwashe mtambo utakaomtenganisha. Ukimsaidia anarudi kuwa mtu, na kwa shukrani anakupa tiketi ya S.S. Anne, meli iliyotia nanga Vermilion.

Ndani ya meli, karibu kabisa na chumba cha nahodha, anatokea mpinzani wako. Mnapigana, unamshinda, naye anakuachia maneno ya dharau: alisikia melini kuna bingwa wa kukata, kumbe ni mzee tu aliyeshikwa na kichefuchefu cha bahari. Kisha anaondoka zake.

Unaingia. Nahodha amesimama karibu na pipa la taka, hali yake mbaya. Ukibonyeza kitufe cha kuongea naye, yule kijana unayemwongoza anamsugua mgongo. Muziki unabadilika kidogo, mzee anapata nafuu, anashukuru, anakukabidhi HM01.

Hapo ndipo ninapoipenda gemu hii kwa moyo wote. Waandishi wake wangeweza kuificha Cut kwenye sanduku chini ya ngazi, au nyuma ya fumbo la vigae na swichi, maana mafumbo ya namna hiyo yamo mengine mengi. Wao waliiweka mikononi mwa mgonjwa. Na kabla hujamfikia wanakuonyesha mwingine aliyemtazama mgonjwa huyohuyo akamwona kikwazo, ili ukifika uwe umeshasikia jinsi dharau inavyosikika.

*

Satoshi Tajiri, aliyeibuni Pokémon, alikulia Machida pembezoni mwa Tokyo, na utotoni alikuwa mkusanyaji wa wadudu. Alipoiona waya inayounganisha Game Boy mbili, wazo lililomjia ni wadudu wanaotambaa ndani yake kutoka mashine moja kwenda nyingine. Katika gemu hizi Pokémon ni 151, na hakuna kaseti moja yenye wote. Mwenye Red atampata Oddish lakini hatamkuta Bellsprout. Mwenye Blue ni kinyume chake. Kwa hiyo kutegemea watu hakuishii ndani ya hadithi. Mchezaji mwenyewe lazima awe na rafiki.

*

Kuwa na HM01 hakutoshi. Bila beji ya Misty, kiongozi wa Cerulean, Pokémon wako atatumia Cut vitani lakini mbele ya mti haitafanya kazi. Ujuzi umeupata kwa mmoja, ruhusa unaipata kwa mwingine. Na mti ukiukata, ukiondoka eneo lile ukarudi, utaukuta umesimama tena.

*

Sasa malalamiko, maana yapo na yana haki. Kila Pokémon anabeba mbinu nne tu. Cut ina nguvu 50, wakati Body Slam ina 85, na katika Red na Blue mbinu ya HM ikishafundishwa haifutiki: hakuna wa kumsahaulisha. Ukianza na Charmander ukampa Cut, robo ya uwezo wake imekwenda kwenye vichaka hadi mwisho wa gemu. Ukianza na Squirtle ndiyo kabisa, yeye hawezi hata kujifunza. Wachezaji wakazoea kutenga Pokémon mmoja wa kazi za mikono, asiyepelekwa vitani. Katika Pokémon Diamond na Pearl za mwaka 2006 kazi hiyo ilimwangukia Bidoof na Bibarel anayetokana naye, na wamebeba sifa hiyo hadi leo.

Mimi gharama hiyo naitetea. Unapoamua nani ajifunze Cut, unaamua kikosi chako ni cha nini: cha kushinda tu, au cha kufika pia.

*

Nahodha ana mwenzake mji wa Fuchsia, na huyu nampenda zaidi. Ni mlinzi mkuu wa Safari Zone, mbuga ya mji huo. Ukimtembelea nyumbani, husikii neno. Anafoka, anamung'unya, sauti zinatoka zisizo na umbo. Mzee amepoteza meno yake ya bandia, meno ya dhahabu, ndani ya mbuga yake mwenyewe.

Unalipa 500 getini. Unapewa mipira 30 na hatua 500. Hatua zikiisha unatolewa nje, hata kama ulikuwa umebakiza kidogo. Unakwenda mashariki, kisha kaskazini, kisha magharibi. Huko magharibi meno yamelala chini. Mbele kidogo kuna nyumba ya siri, na aliyemo anafurahi kwamba hatimaye kuna mtu aliyefika. Zawadi yake ni HM03, yaani Surf, inayokuwezesha kuvuka maji juu ya mgongo wa Pokémon. Hatua zile 500 ndizo zinazoleta mapigo ya moyo. Majani marefu yamejaa Pokémon adimu wa kukuchelewesha, na kila unayesimama kumtupia mpira anakula nafasi ya kufika.

Ukirudi na meno, mzee anayavaa na kuanza kusema maneno yanayoeleweka. Anakupa HM04, Strength, ya kusukuma mawe makubwa. Bila Surf hufiki kisiwa cha Cinnabar. Bila Strength huvuki Victory Road. Kwa hiyo safari ya kuwa bingwa wa Kanto inapitia kwenye meno ya mzee mmoja.

*

Mwezi Februari 2014 umati wa watu kwenye intaneti ulicheza Pokémon Red kwa pamoja, kila mmoja akiandika amri yake na mashine ikizifuata. Ilianza tarehe 12 na kumalizika Machi 1. Kimoja cha vituo vilivyowatesa ni kijimti cha Vermilion. Katika Red kukata mti si kubonyeza mara moja: usimame mbele yake, ufungue menyu, umchague Pokémon, kisha uchague Cut. Maelfu ya watu wakivutana huku na huku, kila walipokaribia mmoja wao aliwarudisha nyuma. Waliukata hatimaye.

*

Kuna gari limeegeshwa bandarini Vermilion, karibu na S.S. Anne. Halina kazi yoyote. Kulifikia unahitaji Surf, na ili uwe na Surf meli ikiwa bado haijaondoka inabidi ufanye ujanja, kwa mfano upate Cut kisha ushindwe vita hukohuko melini, ili usishuke kwa miguu yako. Watoto wa miaka ile waliambizana kwamba ukilisukuma gari lile kwa Strength utamkuta Pokémon aitwaye Mew chini yake.

Ulikuwa uzushi mtupu. Mew alikuwemo kweli ndani ya kaseti, lakini aliingizwa na mtayarishaji programu Shigeki Morimoto dakika za mwisho, katika nafasi ndogo iliyobaki baada ya zana za majaribio kuondolewa, na hakuna mahali popote Kanto alipowekwa akusubiri. Siwalaumu waliouamini uzushi ule. Gemu ilishawafundisha kwamba kila kinachoziba njia kina mbinu yake mahali fulani, kwa mtu fulani. Gari halisogei, basi lazima kuna wa kulisogeza.

*

Mwaka 2016, katika Pokémon Sun na Moon, HM ziliondolewa. Unapewa njia ya kuwaita Pokémon waliokwisha kufunzwa: Tauros anavunja mawe, Lapras anakuvusha maji, Charizard anakurusha angani. Ni nyepesi, inakwenda haraka, na nafasi zile nne zote ni zako. Lakini hao ni wa kuazima. Oddish uliyemnasa mwenyewe kwenye majani, ukampa jina, akakufungulia mlango wa Lt. Surge, hana tena kazi hiyo. Ningekuwa nimeulizwa, ningeomba wamwachie.

*

Kwa anayepanda S.S. Anne wiki hii, akiwemo mpwa wangu: ukishapewa Cut, usikimbilie nje. Meli inang'oa nanga ukishashuka na hairudi. Pita vyumba vyote kwanza. Kifaa cha TM08, chenye mbinu ya Body Slam, kimo katika kimojawapo na TM44 ya Rest katika kingine. TM ya Body Slam ni hiyo moja tu kwa gemu nzima. Na kama uliyeanza naye ni Squirtle, nakusihi uende na Spearow kwenye ile nyumba ya Vermilion wanakobadilishana. Watakupa Farfetch'd aitwaye DUX, ambaye hapatikani kwingine kokote Kanto, na huyo anajifunza Cut na Fly pia.