Vuta N'Kuvute: Kutoka kitabuni hadi Toronto. Pemba ijifunze nini?

Septemba 2021, filamu iliyotokana na kitabu cha Mzanzibari ilioneshwa kwenye tamasha kubwa la filamu la Toronto, Kanada. Ilikuwa filamu ya kwanza ya Tanzania kuchaguliwa huko. Jina lake: Vuta N'Kuvute.

Mwaka uliofuata Tanzania ikaipeleka kuwania Oscar. Kabla ya hapo nchi ilikuwa imefanya hivyo mara moja tu, kwa filamu ya Maangamizi ya mwaka 2001.

Aliyeiongoza ni Amil Shivji wa Dar es Salaam, aliyezaliwa 1990. Wapo wanaodhani jamaa alitoboa ghafla. Ukifuatilia safari yake, wala siyo hivyo.

Alianza na filamu fupi

Shivji alisomea filamu Chuo Kikuu cha York, Toronto, akarudi nyumbani na kuanzisha kampuni yake, Kijiweni Productions. Akatoa Shoeshine (2013), kisha Samaki Mchangani (2014). Zote fupi.

Filamu yake ndefu ya kwanza, T-Junction, ndiyo iliyofungua tamasha la ZIFF, Unguja, mwaka 2017. Miaka minne baadaye ndipo ikaja Vuta N'Kuvute.

Skripti aliiandika pamoja na Jenna Bass wa Afrika Kusini, kutoka riwaya ya Adam Shafi iliyochapishwa 1999. Ni kisa cha Yasmin, msichana anayekimbia ndoa asiyoitaka, na Denge, mpigania uhuru, katika Zanzibar ya miaka ya 1950.

Hapa ndipo penye ishu. Hadithi hiyo ilikuwepo kwa zaidi ya miaka 20. Wanafunzi waliisoma wakijiandaa na mtihani. Kilichokuwa kinasubiriwa ni mtu wa kuigeuza skripti, na wabia wa kusaidia kuitengeneza.

Na Pemba je?

Hadithi zimejaa. Kuna Mkama Ndume wa Pujini, mtawala ambaye simulizi za ukatili wake bado zinasimuliwa. Kuna Kamange na Sarahani, malenga waliotungiana mashairi. Kuna mchezo wa ng'ombe, na maisha ya wachumaji karafuu.

Lakini jukwaa kubwa la filamu Zanzibar liko Unguja. Kijana wa Wete mwenye skripti yake anapaswa kwanza kutafuta nauli ya boti, kisha pa kulala, ndipo akutane na mtu wa kumsikiliza. Wengi wanaishia hapo.

Simu janja inaweza kurekodi filamu fupi. Haiwezi kumfundisha mtu kuandika tukio likasimama, wala kumkutanisha na mzalishaji.

Kwa hiyo swali si kama Pemba ina vipaji. Swali ni lini mafunzo ya skripti yatavuka maji na kufika Chake Chake, badala ya kila mara kumtaka Mpemba ndiye avuke.