Daftari la Wiki: Nyoka ukutani, stakabadhi sandukuni

Kila msimu wa maonesho ya teknolojia ya madini pale Bombambili, Geita, banda la chuo utalitambua kwa mbali: bango la bluu, picha ya makamu mkuu wa chuo, dira na dhima, bakuli la pipi. Banda la jirani karasha linasaga mwamba na vijana wanakanyagana. Halafu tunaulizana vijana wa siku hizi wamepatwa na nini.

*

Ugonjwa ni huohuo kwenye maadhimisho. Chuo kikitangaza "maonesho ya historia yetu", jiandae kutazama picha za miaka hamsini ya kukata utepe. Na historia yenyewe ipo! Chuo cha Dar es Salaam kilianza Oktoba 1961 ndani ya jengo la TANU, Mtaa wa Lumumba, na wanafunzi 14, wote wa sheria. Tarehe 22 Oktoba 1966 wanafunzi waliandamana na majoho yao kupinga masharti ya Jeshi la Kujenga Taifa. Mwalimu Nyerere akawarudisha makwao karibu 400, naye akajipunguzia mshahara kwa asilimia 20. Nipeni joho moja na barua moja ya kufukuzwa ndani ya kabati la kioo, nitasimama hapo hadi mlinzi aniombe nitoke.

*

Mgeni rasmi alitangazwa kufika saa tatu. Watoto wa kwaya wako juani tangu saa mbili. Mwisho wake mnaujua.

*

Wimbo wangu huu wasomaji wa zamani wanaujua, wavumilie tena. Hans Cory, mzaliwa wa Austria, alikuwa mwanasosiolojia wa serikali ya kikoloni Tanganyika. Alizunguka Usukumani akiwahoji watemi na wazee, na mwaka 1953 kikatoka kitabu chake cha sheria na mila za Wasukuma. Mwaka huohuo akatoa kingine, ambacho mimi nakipenda zaidi, kuhusu michoro ya Bayeye, wale mabingwa wa nyoka, waliyoichora kwenye kuta za ndani za nyumba zao. Kuta za udongo hazina umri mrefu. Karatasi za Cory zinao: ziko maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, sehemu ya East Africana.

Maana yake ni kwamba mjukuu wa Shinyanga akitaka kujua wazee wa kwao walisema nini juu ya mahari, apande basi, akate karibu kilomita elfu moja, aoneshe kitambulisho, ajaze fomu. Siilaumu maktaba. Bila maktaba mchwa wangekuwa wamemaliza kazi zamani. Ninacholilia ni hatua ya pili, ambayo haina gharama ya kutisha: nakala za kurasa hizo zibandikwe huku, tuseme pale Kizumbi, kwenye tawi la Chuo Kikuu cha Ushirika, na maelezo ya chini yawe kwa Kisukuma na Kiswahili. Kiingereza kipumzike siku moja.

Na kando ya kila ukurasa iwekwe karatasi tupu na kalamu. Hapo ndipo penye utamu. Serikali ya kikoloni ilitaka sheria ya kutumika mabarazani, kwa hiyo maneno yaliyokuwa yakibishaniwa chini ya mti yakapangwa kwenye aya. Aya haibishi. Mzee wa leo atabisha, na bibi atabisha zaidi, maana sijui nani alimuuliza bibi mwaka ule ng'ombe wa mahari wanapaswa kuwa wangapi na wanarudi lini ndoa ikivunjika. Chuo kingeondoka na karatasi nyingi kuliko kilizokuja nazo.

Msiniambie watu wetu hawapendi makumbusho. Nendeni Bujora, Kisesa, Juni, wakati wa sherehe za Bulabo. Padre David Clement, Mkanada, ndiye aliyeanzisha makumbusho yale, na watu wanamiminika, Bagika na Bagalu, vyama viwili vya ngoma, wanashindana uwanjani, nyoka shingoni, na ngoma za watemi ziko hatua chache tu kutoka hapo. Hakuna aliyewalipa posho.

Kuhusu haraka: usiku wa kuamkia 20 Septemba 2020 jengo kuu la Makerere, la mwaka 1941, liliwaka moto. Jengo wamelikarabati. Karatasi ikishakuwa majivu hakuna mkandarasi wa kuirudisha.

*

Old Shinyanga palikuwa na kituo cha utafiti wa mbung'o kilichojulikana duniani. Mkuu wake, Charles Swynnerton, na mtaalamu wa mimea B. D. Burtt walikufa pamoja Juni 1938, ndege yao ilipoanguka Singida. Burtt alikuwa ametembea mapori yetu akikausha majani na kuyaandika majina, na mimea kadhaa leo ina jina lake. Nimewauliza wanafunzi wa sekondari hapahapa mjini. Hakuna aliyewahi kumsikia.

*

Michembe ya Shinyanga, ndani ya pakiti yenye picha ya Mlima Kilimanjaro. Wachagga mnasemaje?

*

Almasi ya waridi ya Mwadui ilichimbwa 1947, karati 54.5, mwenye mgodi, John Williamson, akamzawadia Princess Elizabeth, ikakatwa ikabaki karati 23.6, ikawa bruchi. Mwaka 2012 waliionesha Buckingham Palace kwa kiingilio. Williamson mwenyewe alisomea jiolojia McGill, Canada. Kwa hiyo London ina bruchi, Montreal ina mwanafunzi wa kujivunia. Sisi tuna shimo.

*

Mzee jirani yangu ana sanduku la bati. Ndani yake stakabadhi za pamba, zimefungwa kwa uzi, rangi ya chai, kilo zimeandikwa kwa penseli ya kopi, safi upande huu, zimefifia upande ule. Ushirika wa kanda hii ulizaliwa na hasira juu ya mizani ya wanunuzi, na VFCU, shirikisho la vyama vya ushirika la akina Paul Bomani, ilipoanza mwaka 1955 ilikuwa na hasira hiyo nyuma yake. Nikamwambia, mzee, hizi zinafaa kwenye maonesho, chuo kingeziweka kwenye kioo. Akazipokea kutoka mkononi mwangu, akazihesabu upya moja moja.

"Mwanangu, hizi tatu za mwisho hawajanilipa. Huyo wa chuo anakuja na hela?"