Jumatatu si Kosa la Lugha



Yako maneno yaliyozoeleka mno miongoni mwa walimu wenzetu hapa Kigali, nasi tumeona yafaa tuyajibu hadharani. Husemwa kwamba hesabu ya siku na saa katika Kiswahili ni mchafuko; kwamba lugha iiitayo siku ya kwanza ya kazi "Jumatatu" haijui kuhesabu; na kwamba, maadamu Kiswahili kilifanywa lugha rasmi ya Rwanda mwaka 2017, wakati umefika wa kukinyosha kilingane na saa ya ofisini. Sisi twapinga, na hoja zetu ni hizi.

Kwanza, juma. Mswahili huhesabu siku zake tangu Ijumaa, siku ya sala ya jamaa. Siku iifuatayo ndiyo ya kwanza, nayo ni Jumamosi. Ya pili ni Jumapili. Ya tatu ni Jumatatu. Hesabu hiyo haina kombo. Mnyarwanda, kwa upande wake, huanza na Jumatatu, naye huiita "kuwa mbere", yaani siku ya kwanza. Kwa hiyo "kuwa gatatu" ya Kinyarwanda ni Jumatano ya Kiswahili, na "kuwa gatanu" ni Ijumaa. Mfanyabiashara wa Kigali aambiwaye afuate mzigo wake Dar es Salaam siku ya Jumatatu, naye kwa kusikia "tatu" akafika Jumatano, hakupotezwa na Kiswahili. Amepotezwa na mwalimu aliyemkaririsha majina saba bila kumwambia hesabu yaanzia wapi.

Wapinzani wetu hawakosi la kusema: mbona juma la Kiswahili lina tano mbili, Jumatano na Alhamisi, kwani Alhamisi kwa Kiarabu ni ya tano? Ni kweli. Mwarabu huhesabu tangu Jumapili, na hesabu yake ilikutana na ya Mswahili katika juma moja. Hilo si kosa, bali ni historia ya pwani iliyohifadhiwa katika jina. Na kama ni kosa, basi tuwaulize hao hao wasomi: Septemba kwa Kilatini ni mwezi wa saba na Desemba ni wa kumi, mbona twaandika Septemba kuwa wa tisa na Desemba wa kumi na mbili, wala hatujamsikia mtu akidai Kifaransa kinyoshwe?

Tena liko jambo la ajabu zaidi. J.R.R. Tolkien, profesa wa Oxford, alipochapisha juzuu ya tatu ya The Lord of the Rings mwaka 1955, aliambatisha humo kalenda ya nchi aliyoibuni mwenyewe. Mwaka wake una miezi 12 ya siku 30, na siku tano zisizohesabiwa katika mwezi wowote. Juma lake laanza siku iliyo sawa na Jumamosi, na kuishia Ijumaa, ambayo ndiyo siku kuu ya mapumziko na karamu. Wasomaji wa dunia nzima humsifu kwa ubunifu huo, na baadhi ya wanafunzi wetu wako miongoni mwao.

Sasa tazameni pwani yetu. Mabaharia na wakulima wa Uswahilini walikuwa na mwaka wa jua, ulioanza Siku ya Nairuzi: miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano za ziada. Kwa mwaka huo walijua majira ya pepo na ya kupanda. Sherehe yake, Mwaka Kogwa, ingali yafanywa Makunduchi, Unguja, mwezi wa Julai. Je, ni haki kalenda ya hadithi iitwe hekima, na kalenda iliyoongoza majahazi iitwe mchafuko? La hasha!

Mwisho, saa. Hapa hoja ya wapinzani wetu ni dhaifu kupita zote, kwani Mnyarwanda asemapo "saa moya" asubuhi, asema saa moja ya Mswahili. Mtoto huja shuleni na hesabu hiyo kutoka kwao. Ndipo mwalimu humfundisha aondoe sita na kuongeza sita, kana kwamba alichotoka nacho nyumbani kilikuwa ugonjwa. Kigali haifiki digrii 2 kusini mwa ikweta, na iko karibu na digrii 30 mashariki, mstari uleule unaopimiwa saa za nchi hii. Kwa hiyo jua letu huchomoza karibu na saa kumi na mbili mwaka mzima, na saa sita ya mchana ni mchana kati kweli. Huko Dar es Salaam jua huchelewa kufika kati, kwa wastani zaidi ya dakika 20. Basi saa ya Kiswahili yaikaa Kigali kuliko inavyoikaa pwani yenyewe!

Watasema simu na ratiba za mabasi zaandika 14:00. Na ziandike. Tarakimu ni maandishi tu. Asomaye kwa Kiswahili atatamka saa nane mchana, na hakuna basi litakalomwacha.

Kwa hiyo twawasihi walimu wenzetu: saa ifundishwe kwa jua, si kwa kutoa na kujumlisha, siku za juma ziandikwe ubaoni sambamba na za Kinyarwanda, na chanzo cha kila hesabu kielezwe, na madarasa ya juu yasome Nairuzi na miongo yake kama elimu, si kama kichekesho. Mwanafunzi ajuaye hesabu yaanzia wapi hatakosa miadi Kigali wala Mombasa. Usiache mbachao kwa msala upitao.