Vinasaba vyetu vikishaingia kwenye kompyuta, ufunguo anao nani?

Machi 2023 jarida la Nature lilichapisha utafiti wa vinasaba vya watu 80 wa kale, wengi wao waliozikwa katika miji ya Waswahili kama Manda, Faza na Mtwapa. Barazani tulibishana wiki nzima: Ushirazi ni kweli au si kweli? Mimi lililonishughulisha ni jingine. Data ile imewekwa kwenye hifadhi ya mtandaoni, na mtafiti popote alipo anaweza kuichukua.

Wale ni wafu. Je, sisi tulio hai?

Mtu asinielewe vibaya. Hapa Kilifi, KEMRI na Wellcome wamefanya utafiti tangu 1989, na damu za watoto wetu zimesaidia kuonyesha jinsi mwenye kurithi selimundu kwa mzazi mmoja anavyokingwa na malaria kali. Hiyo ni faida na siipingi.

Lakini kompyuta imebadilisha mambo. Zamani damu ilikaa kwenye friji, ikitumika inakwisha. Leo inasomwa mara moja, inakuwa faili la herufi bilioni 3, na faili hunakiliwa bila kupungua. Tunaambiwa jina limeondolewa. Mwaka 2013 watafiti wa Marekani walichukua vinasaba visivyo na majina, wakavilinganisha na tovuti za nasaba zilizo wazi kwa kila mtu, wakawatambua watu karibu 50. Sasa fikiria mtaa wa Lamu, ambapo nusu ya watu ni binamu!

Sheria tunayo. Ile ya Ulinzi wa Data ya 2019 inazihesabu habari za vinasaba kuwa nyeti, na Januari 2020 Mahakama Kuu ilizuia serikali kukusanya DNA kwa ajili ya Huduma Namba. Ila sheria inamtazama mtu mmoja mmoja. Mama wa Ganze akitia dole gumba kwenye fomu ya ridhaa, ndani ya damu yake wamo ndugu zake, watoto wake na wajukuu ambao hata hawajazaliwa. Hao nani aliwauliza?

Njia ipo. UK Biobank, yenye vinasaba vya watu 500,000 wa Uingereza, imejenga mtambo ambao mtafiti hufanyia kazi humo humo: analeta hesabu zake, anaondoka na majibu, data inabaki. Kwa nini yetu ndiyo isafiri? Na katika kamati inayoamua nani afunguliwe mlango, wakae watu wa vijiji vilikotoka damu hizo, wenye uwezo wa kusema hapana, si wa kuitwa kunywa chai na kupewa nauli.

Afya imegatuliwa. Waheshimiwa wa bunge la kaunti, mswada wa jambo hili mtauleta lini?