Hukumu ya mwenye shamba si hukumu ya mwenye bwasa



Tarehe 20 julai 2023 sheria ya udongo ya inchi yetu imetimiza miaka 50. Hakuna aliyekata keki, na kusema kweli hatukuona sababu ya kukata. Lakini kuna neno moja la kifaransa ambalo jamaa zetu wa Kabare na Walungu wanarudi nalo kila mara wakitoka tribinali: chose jugée. Maana yake, jambo hili limekwisha hukumiwa, usilete tena. Mama anauliza: limehukumiwa lini, na nani aliitwa? Banamujibu tu: mama, ilishaisha, rudi nyumbani.

Sisi tunasema mara nyingi haijaisha.

Wengi wetu tuko tunakula maharagi ya bwasa bila kujua. Kwa desturi ya Bushi, mtu anayetaka udongo wa kudumu anatoa kalinzi kwa mwami ao kwa chef, zamani ngombe, na udongo ule unarithiwa na watoto. Asiye na ngombe anaomba bwasa: mwenye kalinzi anamuazima kipande cha shamba kwa msimu ao kwa mwaka, naye analipa kwa pesa, kwa pombe ao kwa siku za kazi. Haruhusiwi kupanda ndizi wala kahawa, sababu mti unaokaa miaka mingi unaweza kumfanya ajione mwenye udongo. Kwa hiyo analima maharagi, mahindi, viazi. Wengi wenye kulima hivi ni wanawake, na karatasi hawana. Wana mashahidi tu.

Sasa chukua mfano. Mwenye kalinzi na tajiri mmoja wa mjini wanashitakiana juu ya shamba. Kesi inachukua miaka, tajiri anashinda. Asubuhi moja wiisie anafika na polisi, maharagi yako karibu kuiva, na wanawake watano wenye bwasa wanafukuzwa. Mmoja akikataa kutoka mbele ya kuvuna, wanamletea kifungu 207 cha sheria ya udongo, kile cha kukaa kwenye udongo bila haki, na anajikuta anajibu kama mualifu. Akienda kushitaki, avoka wa tajiri anasimama na kusema maneno mawili tu: chose jugée.

Tusome basi sheria yenyewe. Kifungu 227 cha kitabu cha tatu cha kode sivili kinasema hukumu inafunga mlango kwa lile tu lililohukumiwa. Inapaswa kitu kinachoombwa kiwe kile kile, sababu ya kuomba iwe ile ile, na watu wawe wale wale, wakisimama kwa cheo kile kile. Moja ikikosekana, mlango haujafungwa. Katika mfano wetu, hukumu ya kwanza ilijibu swali: shamba ni la nani? Haikujibu: maharagi yaliyo ndani ni ya nani? Wala haikujibu nani atarudisha malipo ya msimu ambao mama hakuumaliza. Na mama mwenyewe hakuwa upande wowote katika kesi ile.

Kuna zaidi. Sheria ya tarehe 7 machi 1960 juu ya mwenendo wa kesi za sivili inampa mtu wa tatu njia ya kupinga hukumu inayoumiza haki zake, ikiwa yeye ao wanaomwakilisha hawakuitwa. Ni njia iliyo wazi toka mbele ya uhuru, na bado watu wengi hawajaambiwa.

Avoka wa upande mwingine wana jibu, na si la kijinga. Wanasema mwenye bwasa ni kivuli cha mwenye kalinzi: mti ukianguka, kivuli nacho kinaondoka, kwa hiyo mwenye kalinzi alimwakilisha. Juu ya udongo wenyewe, pengine wana haki. Mama hawezi kudai shamba ambalo aliyemuazima hakuwa nalo. Lakini jasho la msimu si kivuli cha mtu. Mwenye kalinzi alipokuwa mbele ya mwamuzi alitetea shamba lake. Mavuno ya mama hakuyataja hata mara moja.

Na sisi vijana tusidanganyane. Kuna watu wanaotumia tribinali kama lotto. Wamepoteza, wanamtuma mtoto. Mtoto amepoteza, wanamtuma binamu na karatasi mpya. Hapo tunaiunga mkono chose jugée kwa mikono miwili. Mtoto anayerithi kalinzi ya baba anarithi na hukumu iliyomuangukia baba. Bila hivyo, mwenye pesa ya kulipa avoka miaka 20 ndiye atashinda siku zote, na tunajua huyo si mulimaji. Kwa hiyo, si kila hukumu isiyotupendeza tuandike kwenye simu kwamba mwamuzi amekula rushwa. Tusome kwanza.

Tena, karatasi nyingi zinazoonyeshwa watu vijijini si hukumu. Barua ya chef, hata iwe na muhuri mukubwa namna gani, si hukumu. Mapatano yanawafunga walioweka sahihi. Kweli sheria ya kilimo ya tarehe 24 desemba 2011 inataka vita vya mashamba ya jamii za wenyeji vipitie kwanza kwenye upatanisho, na ni vizuri, lakini upatanisho ulioshindwa hauzuii mtu kwenda tribinali ya amani. Ni pale ndipo sheria ya 2013 ya kupanga matribinali ilipeleka vita vya udongo vinavyofuata desturi.

Ubaya wa yote, haki ya bwasa na ya kalinzi imeandikwa wapi? Kifungu 389 cha sheria ya 1973 kiliahidi kwamba Rais ataweka ordonansi ya kupanga haki za watu kwenye udongo wa jamii. Miaka 50, haijatoka. Wakati huohuo anayepata cheti cha udongo kazi yake ni kungoja miaka 2 tu, kisha cheti kinakuwa kigumu kupingwa. Mulimaji anangoja nusu karne, mwenye cheti miezi 24!

Tunaomba mambo ambayo hayahitaji Kinshasa. Kwa kila kesi ya shamba, tribinali imuulize mwenye kalinzi nani analima ndani, na hao waitwe. Hakuna kufukuza mtu mbele ya mavuno kama hakuitwa. Na grefie abandike orodha ya kesi za udongo kwa Kiswahili na Mashi kwenye ofisi ya cheferi na sokoni, siku ya soko, pahali ambapo wamama wanapita.