Mto Haupandi Mlima

Jumamosi iliyopita kijiweni kwetu nilizomewa. Nilikuwa nimekuja na kitabu cha ramani nilichoazima, The Atlas of Middle-earth, nikasema aliyekichora ni mwandishi kama sisi, pengine kutuzidi. Jamani! Mshikaji mmoja, tena mshairi mzuri tu, akauliza: "Mwanamke mzima, kasoma mpaka chuo kikuu, anachora nchi isiyokuwepo? Si bora angechora mitaro ya mtaani kwao?" Watu wakacheka mpaka chai ikamwagika. Mimi nikanywea, maana jibu siku zote linakuja ukiwa umeshapanda daladala. Basi jibu lenyewe ni hili.

Kwanza, mambo ya mtaani kwao hakuyakimbia. Karen Wynn Fonstad, Mmarekani aliyezaliwa 1945 na kufariki 2005, alisomea jiografia na uchoraji wa ramani, na mjini Oshkosh, jimbo la Wisconsin, alikaa miaka mingi kwenye kamati ya mipango ya mji. Mkono uleule ndio uliochora Middle-earth, dunia aliyoibuni J.R.R. Tolkien. Kitabu kilitoka 1981. Baadaye akachora dunia za watunzi wengine, mpaka vikafika vitabu vitano.

Sasa sikieni alivyofanya kazi. Riwaya ya Tolkien ilikuwa na ramani tayari, iliyochorwa na mwanawe Christopher. Mwingine angeinakili, akatia rangi, akauza. Fonstad alirudi kwenye maneno. Alisoma ukurasa kwa ukurasa akidondoa kila mahali panapotajwa upande, umbali au siku: walielekea wapi, walilala wapi, kilima kilikuwa mkono gani. Kisha akachora njia za wasafiri na kambi zao, na tarehe kando. Akachora nyumba chumba kwa chumba, vita, mvua, misitu, hata lugha zinazosemwa wapi.

Chukua mfano mmoja. Frodo na wenzake wanatoka Hobbiton tarehe 23 Septemba, na Oktoba 20 wako kwenye kivuko cha mto karibu na Rivendell. Fonstad alipima safari ya Hobbiton hadi Rivendell akapata maili 458. Gawa kwa siku 28: ni kama maili 16 kwa siku, na humo zimo siku walizopumzika. Mtu anayetembea kwa miguu na mzigo mgongoni anaweza. Anachoka, lakini anaweza. Ndiyo maana msomaji anauamini ule uchovu wao. Na mpaka leo wako watu wanaohesabu matembezi yao ya kila jioni kwa maili za Fonstad, wakijiambia leo nimefika pale, kesho nitavuka pale.

Mimi je? Mnaikumbuka hadithi yangu ya mjumbe, ile mliyonipigia makofi. Sura ya pili anatoka kijijini alfajiri na jioni yuko mlimani. Sura ya nne njia ileile inamchukua siku tatu, mvua haijanyesha wala mguu haujamuuma. Sura ya sita analeta habari za vita ambavyo, nikihesabu vizuri, bado havijaanza. Dada mmoja aliniuliza, "Kwani huko mlimani ni mbali kiasi gani?" Nikamjibu kwa dharau, "Ni hadithi tu, dada'angu." Hilo "ni hadithi tu" ndilo ninalolishambulia leo, na nimeanza na la kwangu ili mtu asiseme namwonea. Tumeligeuza blanketi la kufunikia uvivu. Mwandishi wa habari akikosea umbali, barabara ipo, itamsuta. Sisi hakuna wa kutusuta, ndiyo maana tunatakiwa tujisute wenyewe.

Fonstad alijisuta. Christopher Tolkien alipoendelea kuchapisha maandishi ya baba yake, yule mama akarudi mezani, akarekebisha ramani zake, na toleo jipya likatoka 1991. Hebu fikirini: mtu anasahihisha makosa aliyoyafanya kuhusu nchi isiyokuwepo! Kijiweni kwetu ukimgusa mtu koma moja tu, ananuna wiki nzima.

Kuna aliyesema pia kwamba ramani inaua ndoto, na mwingine kwamba haya mambo ni ya Wazungu. La kwanza halinisumbui. Tolkien mwenyewe alianza na ramani, akaifanya hadithi iifuate. La pili linaniudhi. Shaaban Robert alitupa Kusadikika mwaka 1951, nchi iliyoning'inia angani, na wajumbe sita waliotumwa pande sita: mashariki, magharibi, kaskazini, kusini, mbinguni na ardhini. Tumeisoma shuleni, tumejibia mitihani, wahusika tunawataja usingizini. Nani kati yetu amewahi kukaa na rula akajiuliza mjumbe wa kaskazini alipita wapi? Labda maandishi hayatoshi kutoa jibu. Sawa, lakini hatujawahi hata kuuliza.

Mimi nimenunua karatasi ya manila. Nimeanza kuchora nchi ya yule mjumbe wangu, na usiku wa kwanza tu nimegundua mto wangu mkubwa unatoka baharini na kupanda mlimani. Nimeufuta. Daraja la sura ya tano limebaki juu ya nchi kavu, na yule mzee wa mtumbwi mliyempenda hana tena pa kuvushia watu.